Mwalimu na Bwana



Mwaka 1970 ulitangazwa katika Tanzania kuwa Mwaka wa Elimu ya Watu Wazima. Ulipokaribia kwisha, Rais Julius Kambarage Nyerere alitaja wilaya sita ambazo watu wake wote walitakiwa wajue kusoma na kuandika kabla mwaka 1971 haujamalizika. Wilaya hizo zilikuwa Ukerewe, Kilimanjaro, Pare, Rungwe, Masasi na Mafia. Tano kati yake zilikuwa na misioni za siku nyingi, za Kikatoliki au za ndugu zetu Waprotestanti, na shule zilizosimama tangu zamani. Kwa hiyo si ajabu kuzikuta katika orodha ile. Ya sita ndiyo tunayotaka kuisema leo: kisiwa kilicho ng'ambo ya mdomo wa mto Rufiji, ambacho karibu watu wake wote ni Waislamu, na ambacho wengi wetu tulio bara hatujakiona kwa macho.

Upande wa mashariki wa kisiwa hicho ipo Ghuba ya Chole. Utende iko bara yake, na mbele yake vimekaa visiwa vya Chole, Juani na Jibondo, vikiikinga na mawimbi ya bahari kuu. Wakati wa bamvua maji hukupwa mbali, na wanawake hutoka kutafuta pweza miambani. Yakijaa, ngalawa na mashua huelea pale pale palipokuwa na mchanga saa chache zilizopita. Wanaume wa huko ni wavuvi na mafundi wa vyombo. Wanawake husuka ukili, na minazi iko kila mahali.

Ghuba hii imewaona watawala wengi. Kua, mji wa kale wa Waswahili katika kisiwa cha Juani, uliangamizwa mwanzoni mwa karne ya 19 na Wasakalava waliotoka Madagaska, nao wakachukua watu utumwani. Baadaye Chole ikawa mji chini ya Masultani wa Unguja, na minazi ikapandwa kwa jasho la watumwa. Wajerumani wakaja, wakaweka boma na gereza lao Chole, mpaka mwaka 1913 makao ya utawala yalipohamishiwa Kilindoni. Mwezi wa Januari 1915 Waingereza wakakiteka kisiwa. Kila mmoja wa hao aliingia kwa mlango wa bahari, na kila mmoja alikuwa na kitu cha kudai: watu, mbata, kodi, au bandari ya kupigania vita vyake.

Katika mwaka 1971 utawala uliingia tena, safari hii ukiwa na ubao na chaki.

Mfikirieni fundi wa majahazi wa Chole. Mtu huyu, bila karatasi wala mchoro, huchonga taruma kwa tezo, akazipanga juu ya mkuku, akakalafati mbao zake, na chombo kikakaa majini sawasawa. Watoto wa kisiwa humwamkia kwa adabu. Sasa aambiwa aketi mkekani baada ya sala ya Isha, kwenye mwanga wa taa, mbele ya kijana aliyemaliza darasa la saba juzi tu, ashike kalamu. Kalamu ni nyepesi kuliko tezo, lakini mkono ule uliozoea tezo watetemeka. Wala si haki kusema kwamba watu kama huyu hawakujua herufi. Wengi wao walipita chuoni utotoni, wakajifunza kusoma Msahafu, na wazee kadha wa kadha wa pwani waliweza kuandika Kiswahili kwa herufi za Kiarabu. Utawala wa Kiingereza haukuyahesabu hayo kuwa elimu, wala misioni zetu hazikuyahesabu. Jambo hilo lafaa kukumbukwa kila tunapojisifu kwa shule zetu.

Je, ni nani mwenye haki ya kumtaka mtu mzima avumilie aibu ile? Askari hana haki hiyo, wala mtoza kodi. Aliyelitaka jambo hilo mwaka ule alikuwa mtu aliyekwisha kushika chaki kwa mkono wake mwenyewe, na ambaye nchi nzima haikumwita kwa jina lingine ila Mwalimu.

Maisha yake yameandikwa mara nyingi, kwa hiyo tutayapita upesi mpaka mahali panapotuhusu. Alizaliwa Butiama, katika nchi ya Wazanaki, tarehe 13 Aprili 1922, mtoto wa Chifu Nyerere Burito na mama Mugaya. Alianza shule Mwisenge, Musoma, mwaka 1934, umri wake ukiwa miaka 12. Kutoka huko akaenda katika shule ya Serikali ya Tabora. Alijifunza ualimu Makerere kuanzia mwaka 1943, na tarehe 23 Desemba ya mwaka huo huo alipokea Ubatizo Mtakatifu. Mwaka 1946 alianza kufundisha katika Shule ya Mtakatifu Maria, Tabora, iliyokuwa ya Mapadre Weupe. Huko alimpata Padre Richard Walsh, aliyemsaidia apate nafasi ya kwenda kusoma Edinburgh, naye alisoma huko kuanzia mwaka 1949 hadi 1952. Aliporudi alimwoa Maria Waningu, mwezi wa Januari 1953, akapewa kazi ya kufundisha katika Koleji ya Mtakatifu Fransisko, Pugu.

Tusimame hapa Pugu. Mwalimu huyu kijana alifundisha mchana, na siku zake za mapumziko alishuka mjini Dar es Salaam, mwendo wa maili zaidi ya kumi. Huko walimngoja watu kama Abdulwahid Sykes, Dossa Aziz na John Rupia, na baadaye Bibi Titi Mohamed. Wengi wa hao walikuwa Waislamu wa mji, wenye nyumba zao, biashara zao na jina lao. Mkristu wa bara asiye na mali walimpokea, wakamkalisha mbele yao. Mwaka 1953 alichaguliwa Rais wa Chama cha Waafrika wa Tanganyika, na tarehe 7 Julai 1954 chama hicho kikawa TANU. Mwezi wa Machi 1955 alisimama mbele ya Baraza la Udhamini la Umoja wa Mataifa, huko New York, kueleza shauri la watu wake.

Aliporudi, ikawa hapana budi achague. Shule za misioni zilipata ruzuku ya Serikali, na Serikali haikupendezwa na mwalimu mwenye kuzunguka akihutubia mikutano. Wakuu wa shule hawakumfukuza. Walimweleza tu kwamba kazi zote mbili haziwezekani, wakamwachia mwenyewe shauri hilo. Mwezi ule ule wa Machi akaandika barua ya kuacha kazi.

Twawaomba akina baba na akina mama wanaosoma ukurasa huu waipime barua hiyo kwa mizani ya nyumba zao. Mtu wa miaka 32, mwenye shahada ambayo Waafrika wa Tanganyika waliokuwa nayo walihesabika kwa vidole, ana mke na watoto wachanga, auacha mshahara. Chama chake hakina fedha. Alirudi kwao Musoma, na kazi aliyoipata ilikuwa kumfundisha Kizanaki Padre Arthur Wille, Mmaryknoll, na kumsaidia kutafsiri sehemu za Injili katika lugha hiyo. Rais wa TANU alikuwa anafundisha tena! Na walipohamia Magomeni, Mama Maria, ambaye naye alisomea ualimu, alifungua duka dogo ili watoto wale. Mara nyingi huwasifu watu wakuu tukasahau ni nani aliyepima mafuta ya taa dukani wakati wao wako safarini. Sadaka ya mwaka 1955 ilitolewa na watu wawili, kama ilivyo desturi ya ndoa ya Kikristu.

Mwenyewe alizoea kusema kwamba ualimu aliuchagua, bali siasa ilimpata kama ajali. Twadhani neno hilo lilikuwa zaidi ya mzaha. Mtu aliyeitamani siasa tangu awali huiendea kama mwindaji anayemwendea mnyama. Huyu aliiendea kwa sababu darasa lilikuwa dogo kupita shida ya wanafunzi wake: angeweza kuwafundisha vijana wa Pugu mambo mengi mazuri, nao wangetoka mlangoni na kukuta nchi ambayo si yao.

Tufungue sasa Injili ya Mtakatifu Yohane, sura ya kumi na tatu. Usiku ule wa karamu ya mwisho, Bwana wetu Yezu Kristu aliwaambia Mitume kwamba wao humwita Mwalimu na Bwana, wala hawakosei, maana ndivyo alivyo. Lakini kabla ya kulisema hilo alikuwa amekwisha kujifunga kitambaa kiunoni, akamimina maji katika bakuli, akawaosha miguu mmoja mmoja, hata yule aliyekuwa tayari kumsaliti. Jina la kufundisha na jina la kutawala aliyaunganisha kwa maji ya kuoshea miguu, wala hakuacha njia nyingine ya kuyaunganisha. Petro alikataa mwanzoni. Petro alijua mabwana walivyo, na bwana anayepiga magoti alimtia hofu.

Kuna tofauti kubwa kati ya majina hayo mawili kama wanadamu wanavyoyatumia. Bwana wa dunia hii ataka mtumishi abaki mtumishi. Siku mtumishi akijitegemea, ubwana umekwisha. Mwalimu kinyume chake: mwanafunzi akibaki mwanafunzi milele, mwalimu ameshindwa kazi. Ndiyo sababu twaitazama kwa makini tarehe 22 Januari 1962. Tanganyika ilikuwa imepata Uhuru tarehe 9 Desemba 1961, hata majuma saba hayajatimia, na Waziri Mkuu wake akajiuzulu, akamwachia Rashidi Kawawa kiti, akaenda kuzunguka vijijini kujenga chama. Magazeti ya nje yalishangaa. Na tarehe 5 Novemba 1985 akauacha Urais, akiwa na nguvu bado, wakati ambapo katika Afrika marais wengi walitoka Ikulu kwa risasi au kwa jeneza. Mtu anayeweza kutoka darasani na kuwaacha wanafunzi waendelee na kazi peke yao, huyo kweli alikuwa mwalimu.

Hata hivyo hatuandiki sifa za mazishi. Makosa ya mtu huyu nayo, tukiyatazama vizuri, yalikuwa makosa ya mwalimu. Mwalimu mwenye haraka, anayeliona jibu mapema kuliko darasa, hushikwa na kishawishi cha kumvuta mtoto kwa mkono. Kati ya mwaka 1973 na 1976 mamilioni ya wananchi walihamishiwa katika vijiji. Wengi walihamishwa kwa nguvu, nyumba zikachomwa, mashamba yenye mazao yakaachwa, na wazee wakatolewa penye makaburi ya baba zao. Sheria ya mwaka 1962 ya kumweka mtu kizuizini bila kumshitaki mahakamani ilitumika katika utawala wake, na baadhi ya waliofungwa kwa sheria hiyo hawakuwa na kosa ila kusema. Watu wazima si watoto wa shule. Roho ya mtu ina heshima yake mbele ya Mungu hata inapokataa kufundishwa, nayo Serikali, hata iwe njema namna gani, haikupewa fimbo ya kuipiga roho hiyo. Yezu mwenyewe alimwacha yule kijana tajiri aende zake kwa huzuni, wala hakutuma mtu wa kumrudisha.

Liko jambo jingine ambalo Wakatoliki wengi hawajalisamehe, nalo ni shule. Sheria ya Elimu ya mwaka 1969 iliipa Serikali mamlaka ya kuzichukua shule za misioni, na ikazichukua, hata Pugu, mahali pale pale mwalimu huyu alipoandikia barua yake. Mababu zetu walizijenga kwa tofali walizobeba kichwani, na kwa sadaka za senti kumi kumi. Wapo mapadre na masista waliolia siku ile, nasi hatuwacheki. Majengo mengi yalichakaa baadaye, na mafundisho ya dini yakasukumwa pembeni mwa ratiba.

Lakini turudi Ghuba ya Chole tuulize swali hili. Kabla ya sheria ile, mtoto wa mvuvi wa Juani, mwenye akili, aliyetaka shule ya sekondari, angeipata wapi? Sehemu kubwa ya shule hizo zilikuwa zetu. Katika baadhi yake mtoto Mwislamu alipokewa vizuri. Katika nyingine wazazi waliogopa kwamba mtoto angerudi na jina jingine. Hofu hiyo haikuwa ya uongo, sisi twaijua historia yetu. Basi mwalimu aliyeinuliwa na shule za misioni aliona kwamba nchi haiwezi kusimama ikiwa mlango wa elimu unafunguliwa na ufunguo wa dini moja. Alitupokonya kitu chetu ili mtoto wa Juani akae deski moja na mtoto wa Kibosho. Ikiwa twaamini kweli kwamba mtoto yule ni sura ya Mungu, hasara ile hatuna budi kuihesabu upya. Haidhuru tuihesabu polepole.

Mwaka ule ule wa 1970, tarehe 16 Oktoba, aliwahutubia Masista wa Maryknoll huko New York, akawaambia kwamba Kanisa lisiposhiriki katika vita dhidi ya mipango ya dunia inayowaweka watu katika umaskini, litakuwa kitu kisicho na maana kwa watu. Neno hilo liliwachoma wengi. Mtu aliyelisema alikuwa akihudhuria Misa Takatifu ya asubuhi kwa desturi, na katika uzee wake alitafsiri Injili kwa mashairi ya Kiswahili, kwa mtindo wa tenzi, yaani kwa ufundi ambao pwani yetu iliulea kwa karne nyingi kabla misionari wa kwanza hajashuka Bagamoyo.

Na kampeni ya kusoma, iliishaje? Nchi nzima ilifanya mtihani wa kwanza mwaka 1975, ikaonekana kwamba wasiojua kusoma wamepungua kufikia 39 katika kila watu 100. Mwaka 1986 walikuwa chini ya 10. Baadaye fedha zilikosekana, madarasa ya jioni yakafungwa moja baada ya jingine, na wengi waliojifunza utu uzimani wakasahau kwa kukosa kitabu cha kusoma. Lakini kwa muda ule mvuvi aliweza kuandika mwenyewe uzito wa samaki wake, na mama aliyesuka mikeka aliweza kusoma barua ya mwanawe aliye Dar es Salaam bila kumwita jirani aijue siri ya nyumba.

Twayaandika haya kwa sababu iliyo karibu. Kila uchaguzi unapokaribia, walimu wengi huchukua fomu za kugombea udiwani na ubunge, na miongoni mwao wamo walimu wa Kikatoliki, hata makatekista. Kanisa haliwakatazi. Mtaguso wa Pili wa Vatikano uliwasifu wanaoubeba mzigo wa utawala kwa ajili ya watu, na mwaka 2000 Baba Mtakatifu Yohane Paulo wa Pili alimtangaza Mtakatifu Thomas More kuwa msimamizi wa watawala na wanasiasa. Swali letu kwao ni moja, nao walijibu mbele ya Mungu kabla hawajalijibu mbele ya mkutano: je, waliacha darasa kwa ajili ya wanafunzi, au wawakimbia wanafunzi? Twajua mishahara ya walimu ilivyo, na nyumba zao, na madarasa ya watoto mia. Anayeondoka kwa uchovu hatumhukumu. Lakini anayeondoka ili aitwe Mheshimiwa na kupanda gari, asilitumie jina la Mwalimu Nyerere katika hotuba zake, maana yule mwalimu alipoondoka Pugu aliondoka kwa miguu, na aliyemngoja mbele alikuwa hakimu: mwaka 1958 alihukumiwa faini ya pauni 150 au kifungo cha miezi sita kwa maneno aliyoyaandika juu ya maofisa wa Serikali.

Nanyi wazazi, mkisikia mtoto asema kwamba ataka kuwa mwalimu, msimcheke mezani. Siku hizi tumezoea kumwonea huruma mtoto wa namna hiyo, kana kwamba ameshindwa mtihani wa kitu kingine.

Mwalimu Nyerere alifariki London tarehe 14 Oktoba 1999, akazikwa Butiama. Mwaka 2005 Jimbo la Musoma lilianza hatua za kuchunguza maisha yake ili, Mungu akipenda, atangazwe Mwenye Heri, na kwa hiyo huitwa Mtumishi wa Mungu. Kuna waamini waliokwisha kuzidisha mambo, wakaweka picha yake altareni, hilo haliruhusiwi. Kila mmoja aweza kumwomba kwa faragha nyumbani mwake, lakini heshima ya hadharani yangoja hukumu ya Kanisa. Mwenye kupata neema kwa maombezi yake amwambie Paroko wake, aandikiwe kwa Askofu wa Musoma. Na uchunguzi wa Kanisa hautafuti sifa tu. Yule ambaye nyumba yake ilichomwa mwaka 1974, au ambaye baba yake alikaa kizuizini bila kesi, naye ni shahidi, na ushuhuda wake una kiti katika shauri hilo. Asikae kimya kwa kuogopa kuwaudhi Wakatoliki wenzake. Naye aandike.